Boriti ya Pelagia

Asubuhi hiyo Marouso alikuwa ameketi gatini, wavu wa manjano umemjaa mapajani. Alilitanua jicho moja la wavu kwa kidole gumba cha mguu huku mkono ukipitisha sindano, akiziba mahali pomboo walipopachana. Kahawa yake ilikuwa kando, juu ya nguzo ya kufungia kamba, imefunikwa kwa kisosi ili vumbi lisiingie.

Ofisa wa bandari alitokea upande wa kanisa akiwa na kopo la rangi nyekundu na brashi. Aliitwa Iordanis, kijana aliyehamishiwa kisiwani baada ya Pasaka, mwembamba, mwenye sauti nene isiyolingana na mwili wake. Alisimama katikati ya gati akaanza kuita namba za mashua zilizorudishwa serikalini ili zivunjwe. Mashua iliyosikia namba yake iligeuza omo, yaani sehemu yake ya mbele, kumwelekea, polepole, kadiri kamba zilivyoiruhusu, naye akaiendea na kuichora msalaba mwekundu ubavuni.

Ndivyo mashua zilivyo. Kwa jina humwitikia anayezijua, kwa namba humwitikia yeyote anayeisoma sawasawa. Pale Agrilida hakuna aliyekuwa na desturi ya kuita namba, kwa kuwa kila mtu alizijua mashua zote kwa majina, na ofisi ilikuwa mbali, nyuma ya mlima.

Mpango wenyewe ulikuwa umeanza zamani. Samaki walikuwa wamepungua, na wakubwa wa mbali wakaamua kwamba mashua ndizo zipunguzwe. Mvuvi aliyechoka alirudisha leseni, akapewa fidia, na mashua yake ya mbao ikavunjwa mbele ya mashahidi, ili isije ikarudi baharini. Meli kubwa za chuma zinazokokota nyavu hazikuguswa, maana hakuna mwenye meli kubwa aliyesema amechoka.

Msalaba wa kwanza siku hiyo ulikuwa wa Argiro, mashua ya Lambros. Lambros alikuwa mzee aliyetoka bara ujanani, hana mke wala mtoto, na mgongo ulikuwa umemkataa. Alisimama nyuma ya ofisa, mikono kiunoni.

"Uchore vizuri, kijana," alisema. "Huo unaonekana kama umepitiwa na kuku."

"Msalaba utavunjwa vilevile, mzee."

"Najua utavunjwa. Ndiyo maana nataka uvunjwe ukiwa nadhifu."

Iordanis akaunyoosha msalaba. Kisha akarudi katikati ya gati, akaita, "A G, themanini na nane, A!"

Marouso alisikia kamba ikilia nyuma yake. Aligeuka. Pelagia, mashua yake mwenyewe, ilikuwa ikimgeuzia omo yule ofisa.

"We Pelagia!" alisema kwa ukali, kama anayemkemea mtoto aliyenyoosha mkono kwenye sahani ya mgeni. "Unakwenda wapi?"

Pelagia haikurudi. Ilibaki imemwelekea Iordanis, kamba zimekaza.

"Habari za asubuhi, shangazi," alisema Iordanis, brashi mkononi.

"Nzuri. Ila ukiigusa hiyo mashua zitakuwa mbaya."

"Imeitika."

"Imekosea. Hata mimi mtu akiita jina zuri nitageuka. Wewe unaita themanini na nane. Hiyo ni Vasiliki, mashua ya shemeji yangu Sideris. Pelagia ni mia moja arobaini na moja. Imeandikwa pale omoni, kubwa kama kichwa chako."

"Hiyo ni rangi, shangazi." Iordanis aliinua kopo lake kidogo. "Rangi hata mimi ninayo. Namba yenyewe ni ile iliyochongwa. Naomba nishuke."

Wakashuka wote watatu katika ngama, tumboni mwa mashua chini ya sitaha, Lambros wa mwisho, akiutukana mgongo wake ngazi kwa ngazi. Iordanis alimulika tochi kwenye boriti kuu, ile inayoshikilia sitaha katikati ya mashua. Ilikuwa nyeusi kwa moshi na mafuta. Alipoifuta kwa kiganja, herufi zikatokea, zimechongwa kwa patasi hadi ndani ya nyama ya mti.

"Hapa," alisema. "A na G ni bandari, Agrilida. Themanini na nane ni zamu yake: ilikuwa ya themanini na nane kuandikishwa katika bandari hii. Na hii A ya mwisho ni kazi yake, uvuvi. Ingekuwa ya mizigo ungeona F. Ukisoma sehemu moja, umesoma kipande. Ukisoma zote tatu, umeisoma mashua."

Marouso alipitisha vidole juu ya herufi. Alikuwa amepika, amelala na amelia chini ya boriti ile, na hakuwahi kuisoma. Lakini alijua mara moja ilikotoka.

Pale Agrilida mashua mpya haikushushwa majini bila kupewa boriti moja kutoka mashua ya zamani ya ukoo, ili isizaliwe yatima. Fundi Kosmas, aliyejenga nusu ya mashua za ghuba ile, alikuwa mkali sana katika jambo hilo. Alikuwa mkali pia katika jambo jingine: boriti ya mzee haipigwi randa. Kukwangua alama zake kulikuwa kama kumkwangua mtu macho. Pelagia ilipokuwa ikijengwa, Marouso alikuwa bibi harusi mpya, na ndiye aliyekuwa akiwapelekea mafundi mkate na tini kavu. Vasiliki ilikuwa ya baba mkwe wakati ule, nayo ilikuwa imepandishwa nchi kavu kando ya Pelagia ili ibadilishwe sitaha. Aliwaona wakiibeba ile boriti mabegani. Kila mtu alipiga makofi.

"Kwa hiyo ghuba nzima ina namba za baba zao," alisema Iordanis baada ya kuelezwa.

"Isipokuwa Argiro," alisema Lambros. "Mimi nilikuja hapa na sanduku tu. Yangu ina namba yake yenyewe, maskini."

"Sasa Vasiliki yenyewe iko wapi?"

Marouso na Lambros walitazamana.

"Ilizama," alisema Marouso. "Kwenye mwamba wa mlango wa ghuba, dhoruba ya majira ya baridi. Sideris alikuwa ameshatia sahihi. Akachukua fidia yake akaenda Australia kwa watoto."

"Hakutuarifu."

"Mliuliza?"

Iordanis alikiri kwamba hawakuuliza. Alizima tochi. Alisema, kwa sauti ya mtu asiyependa anachokisema, kwamba tingatinga lingefika na feri keshokutwa asubuhi, na kwamba tume ilitaka kuona mashua yenye themanini na nane kwenye boriti ikivunjwa. Mashua hiyo ndiyo hii. Akapanda, akaichora msalaba huku akitazama pembeni, nao ukawa mbaya kuliko ule wa kuku.

Pelagia ilikuwa ndiyo kazi ya Marouso na ndiyo nyumba yake ya pili. Tangu mumewe Anestis afariki alikuwa akitoka nayo peke yake, akitega nyavu za mkundaji, samaki mwekundu, kabla jua halijachomoza na kurudi wakati wenzake wakinywa kahawa. Bila Pelagia angehamia kwa binti yake mjini, kwenye chumba chenye dirisha linalotazama dirisha jingine. Binti alikuwa ameshanunua mapazia.

"Kijana," aliita. Iordanis alikuwa ameshafika mbele ya duka la mikate. "Haya, hii ni themanini na nane. Basi iko wapi mia moja arobaini na moja?"

Iordanis alisimama. Lilikuwa swali la haki. Mashua haikuandikishwa bila kuchongwa, na mia moja arobaini na moja ilikuwa imeandikishwa, kwa hiyo ilikuwa imechongwa mahali fulani. Aliweka kopo chini akarudi.

Wakatafuta. Walitazama tezi huko nyuma, wakatazama mataruma ya ubavuni, wakainua mbao za chini na kutazama mkuku, uti wa mgongo wa mashua. Lambros alikuta namba kwenye injini, imepigwa chapa kwenye chuma, akapiga kelele ya furaha.

"Hiyo ni ya injini, mzee," alisema Iordanis. "Watu wengi hukosea hapo. Injini ina yake, mashua ina yake." Hata hivyo aliisoma kwa sauti, asije akaacha kitu. Juu kwenye shamba la mizeituni, trekta kuukuu la kasisi, lililotolewa injini hiyo miaka mingi iliyopita, liligeuza pua likatazama bahari. Iordanis aliomba radhi kuelekea upande wa shamba, wakaendelea.

Hawakupata kitu. Adhuhuri walikaa kwenye sitaha, wakala mkate, zeituni na nyanya. Marouso alikuwa akiiona tena ile boriti ikitoka Vasiliki kuja Pelagia, mafundi wakiimba. Vasiliki ikabaki na pengo katikati. Na fundi Kosmas hakuwa mtu wa kuacha pengo.

"Alibadilisha," alisema. "Boriti mpya ya Pelagia, aliyokuwa ameshaichonga, aliitia kwenye Vasiliki. Namba yangu iko chini ya maji."

"Basi iite," alisema Iordanis.

"Niite mimi?"

"Ni namba yako, shangazi."

Marouso alipangusa mikono kwenye aproni, akapanda gatini, akasimama ukingoni akitazama mlango wa ghuba. Watu wa mkahawani waligeuza viti ili waone vizuri.

"A G, mia moja arobaini na moja!" aliita.

Karibu na mwamba, ncha ya mlingoti ilitokeza majini ikasimama hapo. Shakwe alitua juu yake.

"Umeacha herufi ya kazi," alisema Iordanis. "Imejua bandari yake na imejua zamu yake. Haijui imeitiwa nini."

"A!" aliita Marouso kwa nguvu zake zote. "Uvuvi! Njoo!"

Mlingoti ukapanda, na chini yake ikapanda kibanda cha usukani, kisha sitaha, kisha omo yenye jina la Vasiliki lililoliwa na chumvi. Ilitikisa maji kama mbwa. Kisha ikaingia ghubani bila haraka, maji yakimiminika kutoka kila kiungo, pweza mmoja ameketi penye usukani. Ilifika gatini ikasimama.

"Sideris alisema ameiacha salama," alisema Lambros.

"Alisema kweli," alisema Marouso. "Hakusema wapi."

Iordanis aliomba isogezwe upande wa mwisho, maana hapo ilipo ndipo feri inapofunga. Watu wa mkahawani wakaisogeza. Pweza alichukuliwa na mwenye mkahawa.

Ndani ya Vasiliki, chini ya kome na mwani, boriti kuu ilisomeka wazi: A G 141 A. Herufi zilikuwa kali kama jana, maana bahari haikuwa na moshi wala mafuta.

"Sasa sikiliza, shangazi," alisema Iordanis, na uso wake haukuwa wa furaha. "Kwa mujibu wa boriti, hii iliyotoka majini ndiyo Pelagia. Ina leseni yako. Ukitaka kuvua kesho, utavua na hii. Na ile yako ni Vasiliki, na itavunjwa."

"Hii inavuja kama chujio!"

"Sheria haisemi kuhusu kuvuja."

Marouso alikaa chini ya boriti ya mashua iliyozama, miguu ndani ya maji. Lambros alimtazama, akamtazama ofisa, akakuna kidevu.

"Na boriti zikirudi kwao?" aliuliza Marouso. "Hii kule, ile huku?"

Iordanis alianza kuhesabu vifungu kwa vidole. Alikuwa amesoma sheria yote, kutoka jalada hadi jalada, kwa sababu aliamini kwamba mtu akiisoma yote atakuta mahali fulani inapowapenda watu. "Inakataza kufuta namba," alisema taratibu. "Inakataza kuongeza namba, na inakataza kuziba namba. Kuhusu boriti kurudi kwao, haikusema kitu."

"Basi na wewe usiseme kitu," alisema Lambros. "Shika jeki."

Kesho yake kijiji kizima kilikuwa gatini. Fundi Kosmas hakuwa amepigilia zile boriti misumari, alizifunga kwa vigingi vya mti, na vigingi vilitoka kwa nyundo ya mbao na maneno mazuri. Boriti ya Vasiliki ndiyo iliyokuwa ngumu. Ilikuwa imekaa Pelagia maisha yake ya utu uzima, na kila walipoiinua, sitaha nzima iliguna. Marouso aliwaambia watu wanyamaze. Aliweka shavu kwenye mti mweusi.

"Umenilea vizuri," aliiambia. "Umemlea na Anestis. Sasa nenda kwenu, mpe nafasi mwenye nafasi."

Boriti ikalegea. Wakaibeba wanaume na wanawake mabegani, kama zamani, lakini safari hii upande wa pili. Ile nyingine, nzito kwa maji ya bahari, ilipotiwa katikati ya Pelagia ilizama mahali pake bila kuguswa na randa wala patasi, ikatoa sauti ndogo kama kifuniko cha sufuria kinachokaa sawa.

Wakati wengine wakisafisha zana, Marouso alichukua ndoo ya maji matamu na sabuni ya mafuta ya zeituni, akaenda kwenye Vasiliki. Aliisugua sitaha, akatoa mwani kwenye usukani, akapangusa jina la omoni hadi likasomeka. Hakuna aliyemuuliza kwa nini. Lambros alimletea ndoo ya pili.

"Imekuja ilipoitwa," alisema Marouso, akisugua. "Haikuwa lazima ije."

"Lazima ilikuwepo, jirani. Uliisoma sawasawa."

Asubuhi ya feri, tingatinga liliteremka gatini likiwa limefuatana na tume: watu wawili wenye miwani ya jua na mwenye kamera. Iordanis alisimama mahali pake. Shati lake lilikuwa limepigwa pasi.

"A G, themanini na nane, A!"

Pelagia haikutikisika. Mwisho wa gati, Vasiliki, safi, inayonukia sabuni, iligeuza omo yake ikamtazama.

"A G, mia moja arobaini na moja, A!"

Pelagia iligeuka kwa kasi hata kamba ya tezi ikakatika. Ilivuka maji yote ya katikati, ikaja ikasimama mbele ya Marouso, si mbele ya ofisa, omo imegusa jiwe la gati penye miguu yake. Watu walipiga mayowe. Mtu alipiga kengele ya kanisa bila ruhusa. Lambros alisahau mgongo wake akacheza, mikono imetanuka, akizunguka polepole huku mwenye mkahawa akimpigia makofi, na Iordanis, ambaye ofisini kwao hawakuwahi kumwona akicheka, alicheka hadi akapaliwa. Kisha alichukua kitambaa chenye tapentaini akaufuta msalaba wa Pelagia kwa mkono wake mwenyewe, taratibu, mpaka haikubaki hata rangi ya waridi.

"Hongera, shangazi," alisema. "Mashua yako ni mashua yako."

"Ilikuwa yangu hata juzi."

"Ndiyo. Lakini sasa hata sisi tunajua."

Mtu mmoja wa tume aliuliza kama ile ya mwisho wa gati ndiyo iliyotoka majini. Aliambiwa ndiyo. Akasema basi itakuwa na unyevu, dereva awe mwangalifu.

Vasiliki ilivunjwa kwanza. Haikuchukua muda. Argiro ilifuata, na hiyo, kwa kuwa ilikuwa mpya zaidi na kavu na haikuwa na boriti ya mtu, ilistahimili zaidi. Lambros alisimama karibu kabisa, kofia mkononi, akimwelekeza dereva aanze wapi ili isiteseke. Hakukuwa na mashua yoyote chini ya bahari ya kuiitia. Mwenye kamera alipiga picha. Kaskazini, nje ya ghuba, meli moja ya chuma ilipita ikikokota wavu wake, na mtu wa tume aliivulia kofia.

Marouso alimngoja Lambros amalize kutazama, kisha akamtupia kamba.

"Panda."

"Na mgongo?"

"Uje nao. Utakaa usukanini. Mimi nitavuta."

Walitoka na Pelagia mchana kweupe, wakati usio wa samaki. Mashua ilikimbia kuliko ilivyowahi kukimbia tangu iliposhushwa majini, nyepesi, kama mtu aliyeacha kubeba jina la mwingine, na nyavu zilipovutwa zilikuwa nyekundu kwa mkundaji kutoka kamba hadi kamba. Lambros alilia kidogo na kusema ni chumvi. Marouso akasema ndiyo, leo chumvi ni nyingi.

Waliporudi, gati lilikuwa limejaa watu wasio wa Agrilida. Walikuwa wametoka ghuba ya pili, kwa miguu, kwa njia ya mbuzi. Misalaba ilikuwa imechorwa kwao jana na ofisa mwingine. Mbele yao alisimama mwanamke wa makamo aitwaye Zambeta, mikono imepasuka kwa kamba, na hakusema salamu.

"Mama, wanasema unajua kusoma mashua."

"Nimefundishwa," alisema Marouso, akimwonyesha Iordanis kwa kidevu. Iordanis alikuwa akigawa glasi za pombe ya uzo kwa wageni, mikono ya shati imekunjwa.

"Yangu imeitika namba ya babu yangu. Ya babu ilizama nisijue wapi. Sina hata kipande chake."

"Unacho. Umekuwa ukipika chini yake."

Kando ya mkahawa, dereva alikuwa akilipaka tingatinga grisi kwenye viungo. Kesho lingekwenda ghuba ya pili kwa barabara, na keshokutwa ya tatu, kama lilivyopangiwa, na hakuna aliyekuwa amelipangia vinginevyo.

Marouso aliuliza kama ghuba yao ina kina cha kutosha kwa Pelagia. Zambeta akasema kinatosha. Wakapanda wote walioweza kuenea, wengine wakining'iniza miguu nje, na Lambros akaanza kuwagombeza wasikae juu ya samaki wake. Kwa baharini ni karibu kuliko kwa barabara. Walifika jua lingali juu.

Mashua ya Zambeta ilikuwa ndogo, ya samawati, msalaba bado unanata. Marouso alishuka naye katika ngama, akamshika mkono, akauweka juu ya boriti gizani, akausogeza mpaka vidole vikaingia ndani ya herufi ya kwanza.

"Bandari," alisema. "Halafu zamu. Halafu kazi. Hiyo ni ya babu yako. Sasa uipande sitaha uite ile yako, na usiache hata kipande."

Zambeta alipanda, akageukia bahari, akajaza kifua pumzi. Gatini kwao watu walikuwa wameshaanza kukunjua kamba za kuifungia itakayofika.